Mlima wa Chumvi wa Babu

Mashoga zangu wa Ngamiani, tangu nirudi kila ninayekutana naye bombani ananishika mkono na swali lile lile: ni kweli Bibi aliuona? Nimechoka kueleza nikiwa na ndoo kichwani. Basi nimeamua kuandika. Anayejua kusoma awasomee wenzake, na asiye na subira anaweza kuruka mpaka mwisho, ila ajue nitamnunia.

Kwanza mjue ugomvi wenyewe. Babu yangu, Mzee Salehe wa Tongoni, alichukuliwa upagazi ujanani wakati wa vita vya Mjerumani, akabebeshwa mizigo mpaka bara. Aliporudi alikuwa na simulizi moja iliyozishinda zote. Alisema ameuona mlima uliopita mawingu, na kichwani ni mweupe pe, utadhani umemwagiwa chumvi. Sasa kuwaambia watu wa Tongoni habari za chumvi ni kujitafutia. Kwetu chumvi tunaichemsha wenyewe kutoka maji ya bahari, tunajua jasho lake. Wakamuuliza ni nani aliyeipandisha huko juu, na kwa punda gani. Tangu siku hiyo akaitwa Mzee Chumvi, na kwa kuwa mtu anayekuza mambo tunasema anatia chumvi, jina likamganda kotekote. Baba yangu Salimu akawa Mwana wa Chumvi. Mimi Mwanahamisi ni Mjukuu wa Chumvi, na siku ya harusi yangu waimbaji walilitia jina hilo kwenye wimbo mbele ya wakwe.

Aliyeongoza kumcheka alikuwa mkewe mwenyewe. Bibi yangu, Bi Mwanaisha, mzaliwa wa Mwera upande wa Pangani, ana hoja moja ambayo hakuna aliyewahi kuijibu. "Mwenyewe wasema waitwa Kilimanjaro," humwambia Babu. "Kilima! Mlima uliopita mawingu, watu wenye akili zao wauite kilima? Kitoto ni mtoto mkubwa? Kijumba ni nyumba kubwa?"

Mwaka huu macho ya Babu yakaingia ukungu. Hospitali walisema ni mtoto wa jicho na kwamba kwa umri wake hawatamgusa. Babu hakulalamika. Alikuja nyumbani, akakaa barazani, akamwambia Bibi mbele yangu, "Mama Salimu, kabla pazia halijashuka lote, nataka ukauone ule mlima nami nikiwapo, nikuoneshe kwa kidole changu. Sitaki kufa nikiwa mwongo ndani ya nyumba yangu." Bibi akasema, "Twende. Nikiuona nitakuomba radhi mbele ya Tongoni nzima. Nisipouona, utaniomba wewe." Mimi nikateuliwa kuwa mshika mkono wa Babu, kwa sababu mjomba wangu Athumani, kaka yake mama, ni fundi wa reli Moshi, na bila mimi asingewapokea kwa moyo mweupe.

TONGONI MPAKA TANGA, KWA BASI LENYE NDUGU WENGI

Mtu akikwambia Tongoni ni karibu na mjini, muulize kama amewahi kupanda basi la kwetu. Dereva ana ndugu katika kila kijiji, na kila ndugu ana salamu. Mahali pamoja alishuka kumpa pole mtu aliyefiwa na mbuzi. Tulikaa juani tukisikiliza sifa za marehemu.

Kabla hatujaondoka, jirani yetu Bi Mize alimletea Bibi kikapu kipya cha ukili. Alisema kwa uso mkavu, "Nipakilie kidogo ya huko mlimani, niijaribu kwenye mchuzi wa chaza." Wanawake wote wa mtaa wakaangua kicheko. Babu naye alicheka, lakini nilikuwa nimemshika mkono na niliuhisi ukikaza. Hapo ndipo nilipoanza kuuchukia utani wa Tongoni, mimi niliyekua nikiucheka.

TANGA MPAKA KOROGWE, NA BIBI ANAANZA KUULIZA

Treni iliondoka ikiwa imechelewa vya kutosha sisi kumaliza mkate wa kumimina tuliouweka wa kesho. Tulikaa daraja la tatu, kwenye mabenchi ya mbao yanayokufundisha una mifupa mingapi. Nje ni katani tu, mistari kwa mistari, mpaka macho yanaomba kuona hata ng'ombe.

Tulipokaribia Muheza, milima ikaanza kujitokeza upande wa kulia, na kilele cha Mlinga kikasimama peke yake juu ya miti. Bibi, ambaye maisha yake yote kitu kirefu alichokiona ni mnazi, alishika dirisha kwa mikono miwili.

"Ndo huno?" aliuliza. Sisi watu wa Mtang'ata, huko Tongoni, husema huno, nyinyi wa mjini mseme huu.

"Siyo," Babu alijibu bila kugeuka. "Huo ni Mlinga. Ule wetu ukiuweka huu juu yake hauoni tofauti."

"Kilima kinachobeba mlima," Bibi alisema, akanigeukia. "Umesikia, mke mwenzangu? Mume wetu ameanza."

Pale Muheza tulinunua machungwa mpaka tukakosa pa kuweka miguu. Babu alinimenyea moja kwa kisu chake, ganda likatoka refu bila kukatika, ingawa macho yake yalitazama kwingine kabisa.

Korogwe tuliuona mto. Babu aliposikia abiria wakiutaja, akainuka nusu. Akasema huo ndio Mto Pangani, ule ule ambamo Bibi alichota maji utotoni akienda kwa shangazi zake, na kwamba huko juu unaitwa Ruvu, na maji yake yanatoka kwenye ule mlima. "Umeuoga mlima huo tangu hujavaa kanga," alisema. "Nimekuwa nikikwambia, wakataa."

Bibi alifikiri. "Mto wenye majina mawili," alisema, "ni kama mwanamume mwenye majina mawili. Ana jambo analificha."

KOROGWE MPAKA MOMBO, NINAPOOMBEWA

Hapo Korogwe alipanda mama mmoja Msambaa, amevaa gauni la kanisani na kilemba, na kikapu cha plamu magotini. Aliwaamkia wazee shikamoo vizuri sana, akatuambia anaitwa Mama Yona, ni Mlutheri wa Lushoto, na atashuka Mombo kupanda milimani kwake. Mambo yakaenda sawa mpaka Bibi aliponiambia, "Mke mwenzangu, hebu mpe mume wetu maji, koo limemkauka kwa uwongo."

Nikampa Babu maji. Nikamfuta na ndevu. Mama Yona akaacha kutafuna.

Baada ya kitambo alinisogelea, akaninong'oneza kwa huruma kubwa. "Mdogo wangu, wazazi wako waliridhia?"

Nilielewa mara moja. Mngekuwa nyinyi mngemweleza, lakini mimi mnanijua. Nikainamisha kichwa nikasema, "Waliridhia, dada. Nilipewa tangu siku niliyozaliwa."

"Yesu wangu! Na huyu mama mkubwa anakutendea vipi?"

"Ananipiga vijembe asubuhi na jioni. Ila chakula ananipa."

Mama Yona alinishika mikono yote miwili, akafumba macho, akaniombea pale pale, kwa Kishambaa na Kiswahili, Mungu anitoe katika nyumba ile. Kisha akaniwekea plamu zake karibu zote kwenye mapaja. Nilizila nikiwa na haya, lakini zilikuwa tamu. Siri ingedumu mpaka Mombo kama Babu asingesema, "Mjukuu wangu, nipe na mimi hilo tunda la dada."

Mama Yona alitutazama mmoja mmoja. "Mjukuu?" Bibi alikuwa amejifunika kanga usoni, mabega yanamtikisika. Basi yule mama akaanza kucheka naye, akacheka mpaka akajifuta machozi, akasema hata kwao bibi humwita mjukuu mke mwenza, tena yeye mwenyewe aliitwa hivyo hivyo, ila alidhani watu wa pwani tunamaanisha kweli. Plamu hakuzidai.

Tulipofika Mombo, milima ya Usambara ilikuwa imesimama wima kando ya reli, ukuta mtupu, na barabara imejikunjakunja humo ikipanda. Bibi alilaza shingo mpaka kanga ikamdondoka kichwani.

"Ndo huno?"

"Siyo," alisema Babu.

"Huu ndio mlima, bibi," Mama Yona alisema akishuka na kikapu chake chepesi. "Hiyo mingine mnayoambiwa ni vichuguu."

Bibi alipata mwenzake. "Na huko juu kwenu mna chumvi?"

"Tuna kabichi," alisema Mama Yona, akaenda zake.

BUIKO, AMBAPO HATUKUPANGA KUKAA

Injini ilichoka Buiko. Wengine walisema ni maji, wengine makaa, na mzee mmoja aliyejua kila kitu alisema ni hasira. Tukashushwa. Joto la pale halina mzaha, na vumbi ni jeupe, linaingia mpaka kwenye mate. Wanawake walituuzia perege wa mtoni waliokaangwa wakakauka, na uji wa moto, eti unapoza. Tulikula tukinung'unika, tukanunua tena.

Mbele yetu ilikuwa milima ya Upare, mirefu na mikavu, inafuatana kuelekea Same. Babu aliketi juu ya sanduku letu, akajipa kazi ya kumfundisha Bibi. Alinyoosha kidole. "Ile pale ni Upare. Ukiifuata ile, mwisho wake ndipo utauona wetu."

Kidole chake kilielekea tambarare ya Umasai. Hapakuwa na mlima huko, hata kichuguu. Milima ilikuwa nyuma ya kisogo chake.

Nilimtazama Bibi nikingoja. Kwa kosa dogo kuliko hilo angemcheka mpaka Moshi. Bibi akaitazama ile tambarare tupu, akasema, "Naiona, baba Salimu," halafu akachovya pindo la kanga kwenye maji, akaanza kumfuta vumbi machoni, akimgombeza kwamba hajui hata kukaa upande usio na upepo. Mimi niliingiwa na hofu siku ile. Niliona wazi kwamba tumechelewa, kwamba hata mlima ukitokea, Babu hatauonesha kwa kidole. Na sikujua Bibi ataifanyia nini habari hiyo.

Injini ilipojisikia vizuri tulipanda tena. Tulipita Same, tukapita Kahe ambapo reli ya kutoka Voi inaungana na yetu, na kila abiria aliyejua njia alitwambia tutazame kulia, sasa, hapo hapo. Tuliona mawingu.

MOSHI, MJI WA MLIMA ULIOFUNGA

Mjomba Athumani alitupokea stesheni na koti kwa kila mmoja wetu. Bibi alilikataa, akasema yeye si askari. Tulipofika kwake Majengo alikuwa amelivaa juu ya buibui.

Mke wa mjomba ni Bi Zainabu, Mchaga wa Machame, mwanamke mpana wa mwili na wa roho. Alituwekea bakuli la mtori, yaani ndizi na nyama vimepondwa vikawa laini kabisa. Bibi alilitazama kwa wasiwasi, kwani kwetu kitu laini vile hupewa mgonjwa. "Nani anaumwa?" aliuliza. Baada ya bakuli la pili alisema labda ni yeye.

Asubuhi aliamka wa kwanza, akatoka uani. "Haya, kiko wapi?"

"Leo mlima umefunga, mama," alisema Bi Zainabu.

"Umefunga?" Bibi alishangaa. "Unafunguliwa saa ngapi?"

Huko ndivyo wasemavyo mawingu yakiufunika. Ulifunga siku hiyo, ukafunga na ya pili, na zilizofuata. Majirani wote wa mjomba waliijua habari yetu, na kila aliyepita alitufariji kwa namna yake. Mmoja alisema ulionekana vizuri sana wiki iliyopita. Mwingine alitwambia tungekuja mwezi ujao. Muuza maziwa alisema ameuona mwenyewe alfajiri ile ile, kidogo tu, tulipokuwa tunaswali, na nusura nimmwagie maziwa yake.

Babu alikaa uani kila siku kwenye kiti cha kukunja, ameelekea huko alikoambiwa mlima uko, koti limefungwa mpaka shingoni. Hakusema mengi. Mwanzoni Bibi alimchokoza: alipita na ufagio akisema anaufagia mlima, alimuuliza kama chumvi imelowa ndiyo maana haionekani. Lakini kila siku iliyopita vijembe vilipungua, na siku moja nilimkuta peke yake nyuma ya jiko, anatazama yale mawingu kwa chuki.

"Wataka utokee, Bibi?" nilimuuliza. "Ukitokea utaomba radhi."

"Nyamaza," alisema. "Kungekuwa na nini kama ningemwambia tu nimekusadiki? Ningepungukiwa nini?" Alikuwa anakaribia kulia, na Bibi yangu halii. Nikamshika bega, tukarudi ndani tukamenya ndizi.

Ruhusa ya mjomba kazini iliisha, na siku ya kurudi ikafika. Bi Zainabu alikijaza kikapu cha Bi Mize ndizi mbivu. Tulikuwa tumeshafunga mizigo na tunamaliza chai wakati yeye alipotoka kumwaga makapi. Tukamsikia anaita kwa sauti ambayo hakuwahi kuitumia.

"Mama! Mlete mzee! Mlete haraka!"

Nilimshika Babu mkono, Bibi akatangulia. Nje kulikuwa na baridi na ukungu umelala juu ya migomba. Bibi akatazama mapaa ya nyumba, akatazama miti, akatazama huku na huku.

"Sioni kitu," alisema. "Mawingu tu."

Babu alisimama. Niliuhisi mkono wake ukilegea ndani ya wangu, na Wallahi, nilitamani kuziba masikio yake.

"Watazama chini, mama," alisema Bi Zainabu. "Hapo ni miguuni pake. Inua uso. Zaidi. Pita mawingu."

Bibi akainua uso. Akainua tena. Koti likamteleza mabegani, na hakuliokota.

Nami niliuona. Sitawaelezea, kwa sababu mtasema yale yale aliyoambiwa Babu. Niseme tu kwamba ulikuwa pale ambapo mtu hutazamia jua au ndege, si ardhi.

Babu akangoja, kisha akaunyoosha mkono wake kama alivyoota miaka yote kuunyoosha, kidole mbele, akasema, "Mama Salimu. Ndo huno?"

Kidole kilikuwa kimelenga choo cha jirani.

Niliona macho ya Bibi yakishuka kutoka kule juu mpaka kwenye kile kidole, yakapanda tena, yakashuka. Mjomba alikuwa amesimama mlangoni na kikombe mkononi. Bibi akamsogelea Babu, akamshika kiwiko, akaanza kuupandisha ule mkono. Akaupitisha juu ya paa, juu ya migomba, juu ya mawingu, akaugeuza kidogo kulia. Akaushikilia hapo kwa mikono yote miwili.

"Hapo," alisema. "Ndo huno, baba Salimu."

"Mweupe?"

"Mweupe. Weupe umemfika mpaka mabegani. Jua lampiga upande wa kulia, pamekuwa rangi ya waridi. Na kando yake pana mwenziwe, ana meno meno."

"Mawenzi huyo," alisema Bi Zainabu.

Babu alikuwa analia bila kujificha. "Usinitilie chumvi, mama Salimu," alisema.

"Sitii," alisema Bibi. "Wewe ndiye uliyetia kidogo mno. Na huyo aliyeuita kilima nikimpata!"

Wakakaa vile, mkono umeinuliwa, mpaka mawingu yalipokuja yakafunga. Treni nusura ituache.

TENA TONGONI

Njia ya kurudi sina la kuandika, maana Bibi alizungumza kutoka Kahe mpaka Tanga na sisi wengine tulilala.

Tulipofika, watu walikuwa wamejaa barazani, Bi Mize mbele. Walimpokea Babu kwa heshima kidogo na utani mwingi, wakampa kiti, halafu wote wakamgeukia Bibi. Habari ya macho ya Babu kila mtu anaijua, na hakuna aliyejisumbua kumuuliza yeye.

"Haya, Bi Mwanaisha," alisema Bi Mize. "Sema kweli ya Mungu. Uliuona, hukuuona?"

Bibi alisimama nyuma ya kiti cha Babu. Alimwomba radhi kwanza, kwa jina lake lote, Salehe bin Omari, kwa sauti ya kusikika mpaka msikitini, na watu wakaacha kucheka. Babu aliinamisha kichwa akasema amemsamehe. Bi Mize hakutosheka.

"Kwa hiyo uliuona."

Bibi akaweka mkono begani mwa mumewe.

"Tuliuona," alisema.